Kukuta banki imefungwa si kukataa kulipa



Mwisho wa mwezi wa kwanza 2025, wakati M23 iliingia Goma, banki zilifunga milango. Mwezi wa pili ikawa zamu ya Bukavu. Feza ya raia ilibakia ndani. Lakini tarehe za kulipa madeni hazikusimama. Mama mwenye kuuza vitenge ku soko ya Virunga, mwalimu mwenye alikopa juu ya mshahara wake, kijana mwenye alinunua pikipiki kwa mkopo: siku ilifika, na dirisha ya kulipia haikuwako.

Swali letu ni hili: majina yao yameandikwa namna gani?

Juu kuna daftari yenye wengi wetu hawajue. Banki Kuu ya Congo iko na huduma inaitwa Centrale des risques. Banki zinapeleka pale habari za wenye kukopa: nani alipewa mkopo, nani anachelewa kulipa. Ukienda kuomba mkopo mupya, hata Kinshasa ao Lubumbashi, banki inaweza kuangalia mule. Ukiwa na alama mbaya, watakurudisha, na pengine hawatakuambia sababu. Kompyuta haijue kama kulikuwa vita. Inahesabu tu siku zenye zimepita.

Hatuombi madeni yafutwe. Deni ni deni, na feza yenye banki inakopesha ni akiba ya raia wengine. Tunaomba ukweli uandikwe. Banki Kuu itoe agizo la wazi, kwa maandishi:

– kuchelewa kwa wakati banki zilikuwa zimefungwa kusihesabiwe kama kukataa kulipa;
– faini za wakati ule ziondolewe;
– mwenye aliandikwa vibaya asafishwe jina bila kulipa kitu, hata kama hajakuja kulalamika.

Lakini tusikae tu kungojea. Code du numérique ya tarehe 13 Machi 2023 inakupa haki ya kujua habari zako zenye zimeandikwa, na ya kuomba zirekebishwe. Andika barua kwa banki yako, uombe hali ya mkopo wako. Ukiona kosa, onyesha mkataba, risiti, mesaji zenye banki ilikutumia. Kopi yako waipige kashe na tarehe. Wakinyamaza, peleka kopi kwa Banki Kuu.

Na mwenye atakuambia «nipe dola 50, nitafuta jina lako mule», mukimbie. Deni ya kweli inaisha kwa kulipa. Alama ya uongo inarekebishwa kwa barua, na barua haiuzwe.

Amani ikirudi, tutahitaji wamama na vijana hawa wafungue tena butiki, atelie na mashamba. Wakikuta banki zote zimewafungia mara ya pili, nani ataijenga hii miji? Banki Kuu ijibu sasa.