Mwenye Kuagiza Kiungo Ndiye Mlaji

Mwezi Mei 2014, katika mkoa wetu wa Simiyu, mwanamke mwenye ualbino aliuawa na viungo vyake vikakatwa. Wapo waitakidio kuwa dawa ya nyama ya mtu huleta utajiri.

Sangara wa ziwa letu hapa Nyashimo humla sangara mwenzake wala hapati dhambi, kwani hakukalifishwa. Sisi tumekalifishwa. Imam Nawawi, mwanachuoni mkubwa wa madhehebu ya Shafi, ameijadili dharura: mwenye kufa kwa njaa, asiyepata ila maiti ya mtu, ameruhusiwa kula kiasi cha kuokoa roho. Wanachuoni wengine wamemkatalia hata hicho. Ama kumuua asiye na hatia ili yeye apone, hilo hakuna aliyelihalalisha.

Basi tunauliza: ikiwa roho inayotoka haihalalishi, mtaji wa duka au kiti cha udiwani utahalalisha kwa dalili gani?

Serikali ilifuta leseni za waganga mwaka 2009. Lakini mganga huagizwa (na miongoni mwao, tuseme kweli, wamo wavaa kanzu). Aliyeagiza ndiye mlaji, naye pengine husali safu ya mbele. Enyi wazee wa misikiti ya Busega, mnaowajua waendao kwa waganga usiku, toeni habari polisi kabla ya mazishi.