Mkaa wa Kentridge na vivuli vya wapagazi

William Kentridge alizaliwa Johannesburg mwaka 1955 katika nyumba ya wanasheria. Baba yake, Sydney Kentridge, alikuwa miongoni mwa mawakili wa utetezi katika kesi ya uhaini iliyomkabili Nelson Mandela na wenzake, na baadaye aliiwakilisha familia ya mwanaharakati Steve Biko katika uchunguzi wa kifo chake. Kijana William alisoma siasa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, akajifunza kuchora, kisha akaenda Paris kusomea maigizo kwa Jacques Lecoq. Ndiyo maana kazi yake haikai katika fani moja: mchoro huwa filamu, na filamu hupanda jukwaani.

Ili kutengeneza filamu, hubandika karatasi ukutani, akachora kwa mkaa, akarudi kwenye kamera na kupiga picha. Kisha huiendea karatasi ileile, akafuta kidogo na kuongeza kidogo, akarudi tena kwenye kamera. Filamu ya dakika chache humchukua miezi. Mkaa haufutiki wote. Mkono uliochorwa unapoinuka, pale ulipokuwa hubaki ukungu wa kijivu. Mwingine angeuona ni uchafu. Kentridge aliuacha, na hapo ndipo ulipo ukubwa wake, kwani alikuwa akiichora Afrika Kusini, nchi iliyojaa maovu yaliyofunikwa bila kufutika.

Katika filamu Mine ya mwaka 1991, tajiri Soho Eckstein yuko kitandani na kifungua kinywa chake. Anakandamiza kichujio cha birika la kahawa, nacho hakiishii kwenye kahawa: kinapenya kitanda, kinateremka ardhini hadi mgodini walikobanana wachimbaji weusi. Hakuna anayesema neno, wala halihitajiki.

Alishirikiana pia na kundi la vikaragosi la Handspring, kwa mfano katika igizo la mwaka 1997 kuhusu Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Afrika Kusini, na mwaka 2010 aliongoza opera The Nose jijini New York.

Kazi inayowahusu zaidi watu wa Afrika Mashariki ni The Head & the Load, iliyoonyeshwa Tate Modern, London, mwaka 2018, kwa muziki wa Philip Miller na Thuthuka Sibisi. Inasimulia wapagazi wa Kiafrika wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Waigizaji hupita wamebeba maumbo makubwa, na taa hukuza vivuli vyao kwenye pazia refu, hadi mtu na mzigo wake hawatenganiki. Katika vita vya Waingereza na Wajerumani huku kwetu, wapagazi waliouawa na kuhara, malaria na njaa walikuwa wengi mno kuliko waliopigwa risasi, na wengi walizikwa bila jina kuandikwa popote. Kikosi chao, Carrier Corps kwa Kiingereza, kiliacha jina lake katika mtaa wa Kariakoo, Dar es Salaam. Onyesho hilo limefika New York na Johannesburg. Dar es Salaam na Nairobi, walikopiga kambi wapagazi wenyewe, nazo zina haki ya kuliona.