Anne Wiazemsky: Aliyetazamwa Ageukapo Msimulizi

Atajwapo Anne Wiazemsky miongoni mwa wapenzi wa sinema, aghalabu jina la mwanamume hutangulia: mwigizaji wa Bresson, mke wa Godard, mjukuu wa Mauriac. Uhakiki wa aina hii ni wa kivivu. Unamnyima mwanamke huyo kile alichokitafuta katika nusu ya pili ya maisha yake, yaani haki ya kusimulia.

Alizaliwa Berlin mwaka wa 1947. Alikuwa na umri wa miaka 18 Robert Bresson alipomteua kuigiza katika *Au hasard Balthazar* (1966), filamu ambayo mhusika wake mkuu ni punda. Enzi hizo Mfaransa hakuhesabiwa kuwa mtu mzima hadi atimize miaka 21, hivyo ilibidi babu yake, François Mauriac, mshindi wa Tuzo ya Nobel ya Fasihi ya 1952, aridhie kwanza. Bresson hakutaka waigizaji waigize. Aliwaita vielelezo, akiwarudisha katika tukio lile lile mara nyingi mpaka hisia zitoweke sautini. Binti alitoa uso. Maana ilikuwa mali ya bwana mkubwa. Kisha zikafuata *La Chinoise* ya Jean-Luc Godard (1967), mwaka ambao wawili hao walioana, na *Teorema* ya Pasolini (1968). Ni filamu za kuheshimiwa, ila kote humo aliyatamka maneno ya wengine.

Kitabu chake cha kwanza, mkusanyiko wa hadithi fupi, kilitoka mwaka wa 1988. Riwaya yake *Canines* ilitunukiwa Goncourt ya wanafunzi wa shule za upili mwaka wa 1993, na *Une poignée de gens*, inayochimbua asili ya babake katika Urusi ya mapinduzi, ikapata Tuzo Kuu ya Riwaya ya Akademia ya Ufaransa mwaka wa 1998. Wanaodai kwamba alijijenga kwa siri za watu mashuhuri na wautazame mfuatano huo wa miaka, maana riwaya yake kuhusu Bresson, *Jeune fille*, ilichapishwa mwaka wa 2007.

Humo msimulizi wa nafsi ya kwanza anaitwa Anne, na anayechunguzwa sasa ni Bresson: mzee mpole, mwenye wivu, anayejaribu kumbusu binti aliye chini ya uangalizi wake. Hapa pana ugumu wa kweli. Majina ni halisi, jalada linasema riwaya, naye Bresson alikuwa amefariki mwaka wa 1999, hawezi kujibu. Je, ni tawasifu iliyovaa joho la ubunifu? Yamkini. Hata hivyo, matini yenyewe haihukumu. Heshima ya binti kwa msanii yule inabaki bayana, na ndiyo inayomkera msomaji anayetaka shitaka.

*Un an après* (2015) kiliendeleza mbinu hiyo kwa kumwangalia Godard wa mwaka wa 1968. Michel Hazanavicius akakigeuza kuwa filamu, *Le Redoutable*, mwaka wa 2017, mwaka ule ule Wiazemsky alipofariki. Kitabuni, mwenye macho ni Anne. Katika filamu, kitovu ni Godard, na Anne amerudishwa pembeni mwake.