Chuo cha Wakati, Kumbukumbu na Ndoto

Tuchukulie kwamba leo hii inatangazwa habari ya kuanzishwa kwa chuo kikuu kisichofundisha sheria wala uhandisi, bali mambo matatu tu: wakati, kumbukumbu na ndoto. Bila shaka kicheko kingesikika kila pembe, na kingeanzia kwa wasomi. Mmoja angeuliza chuo hicho kitajenga madaraja mangapi. Mwingine angesema kwamba ndoto ni kazi ya waganga, na kumbukumbu ni kazi ya vikongwe. Chuo hicho hakipo. Nakibuni hapa kama Shaaban Robert alivyoibuni nchi ya Kusadikika katika kitabu chake cha mwaka 1951; si kwa kuyakimbia mambo ya kweli, bali kwa kuyatazama vizuri zaidi. Na dai langu ni kwamba kicheko hicho chenyewe ni ushahidi kuwa chuo hicho twakihitaji.

Tuanze na wakati. Mwaka 1969 John Mbiti, mwanachuoni mashuhuri wa Kenya, alitoa kitabu cha Kiingereza juu ya dini na falsafa za Kiafrika. Akitumia maneno mawili ya Kiswahili, sasa na zamani, alishikilia kwamba katika fikra za jadi Mwafrika hakuwa na wakati ujao wa mbali, na kwamba mawazo yake juu ya mambo yajayo hayakuvuka kiasi cha miaka miwili. Mbiti astahili heshima, kwani alithubutu kuitafuta falsafa ndani ya lugha zetu. Lakini Kiswahili alichokiazima maneno hakikuulizwa vya kutosha. Kingeulizwa, kingejibu: kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo, siku nne zijazo, na kila moja ina jina lake. Kama hilo halitoshi, na tumwendee mkulima wa pwani. Mnazi mrefu wa kienyeji hungojewa miaka mingi kabla haujazaa, kisha huweza kuishi kupita umri wa aliyeupanda. Mzee apandaye mnazi ajua fika kwamba madafu yake yatanywewa na wajukuu. Je, huyo ndiye mtu asiye na kesho?

Saa yetu nayo imepata kejeli. Wako wanaoiona haya, wakimwambia mgeni kwamba Waswahili wamekosea kwa saa sita. Wamekosea nini? Sisi huhesabu tangu jua lichomozapo na tangu lituapo. Katika nchi zilizo karibu na Ikweta mchana na usiku hukaribiana kwa urefu mwaka mzima, kwa hiyo hesabu hii ina msingi unaoonekana kwa macho ya kila mtu. Aanzaye kuhesabu usiku wa manane haoni alama yoyote mbinguni. Hesabu zote mbili ni kazi ya akili. Kuiita moja elimu na nyingine kosa ni kasumba tuliyoachiwa na wakoloni.

Kumbukumbu ndiyo idara ambayo kuicheka ni dhambi. Katika Vita vya Maji Maji, vya mwaka 1905 hadi 1907, hesabu ya serikali ya Kijerumani ilitaja Waafrika 75,000 waliokufa. Mwanahistoria wetu Gilbert Gwassa, aliyekwenda kuketi na wazee na kuwasikiliza, alikadiria 250,000 hadi 300,000, wengi wao wakiuawa na njaa iliyoletwa na kuchomwa kwa mazao. Tofauti ya hesabu hizo ni watu. Mwaka 1968 wanafunzi wa Dar es Salaam walitumwa vijijini kuandika masimulizi ya wazee waliokuwa wangali hai. Wangechelewa miaka ishirini, wangeyakuta makaburi.

Tena kumbukumbu haikai bure. Mwaka 1906 Nduna Songea Mbano na wenzake walinyongwa mjini Songea, na watu wa huko hawajalisahau jambo hilo. Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alisimama mjini humo mbele ya kizazi cha mashujaa hao akaomba msamaha. Huyo hakuletwa na daraja wala kiwanda. Aliletwa na familia zilizokataa kusahau kwa zaidi ya miaka mia moja.

Imebaki ndoto, nayo ndiyo ngumu. Tujuavyo sote, maji ya Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe hayakuzuia risasi, na chuo kitakachosema vinginevyo kitakuwa chuo cha uongo. Lakini swali la mwanachuoni si hilo. Swali ni jinsi gani Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, Wangoni na wengineo, wenye lugha mbalimbali na waliokuwa na magomvi yao, waliweza kuota jambo moja kwa wakati mmoja. Pamba ya kulazimishwa yaeleza hasira yao. Haielezi umoja wao. Kinjikitile alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905, vita vilipokuwa ndiyo kwanza vimeanza, na bado vikaendelea. Mwaka 1956, alipozungumza mbele ya Umoja wa Mataifa, Mwalimu Nyerere aliwakumbusha walimwengu vita hivyo. Ndoto iliyoshindwa vitani ilikuwa imerudi kama hoja ya uhuru.

Nitaambiwa kwamba fedha ni chache na njaa ni nyingi. Ni kweli. Lakini chuo hiki hakidai majengo. Chadai kwamba kila shule iwatume wanafunzi wake kwa wazee wa kijiji, wenye kalamu na vinasa sauti, wakaulize majina ya mvua, miaka ya njaa, na ndoto zilizowatoa watu mahali na kuwapeleka pengine. Na kwamba majibu hayo yahifadhiwe mahali yasipoliwa na mchwa. Walimu wa chuo hiki wanazikwa kila siku, wala hawana warithi. Taifa liwezalo kuhesabu mifuko ya korosho zake lisishindwe kuhesabu hasara hiyo. Mwacha asili ni mtumwa. Na ambaye asili yake imemfia kimya kimya, akicheka, hajui hata kwamba ameiacha.