Watoto wa volkano wasiachiwe bahati
Na Silas Habimana, Gisenyi

Mwaka 1914 mjini Turin ilionyeshwa filamu isiyo na sauti ya Giovanni Pastrone, iitwayo *Cabiria*. Mlima Etna unalipuka, nyumba zinabomoka, na katika purukushani za kukimbia mtoto Cabiria anapotezana na wazazi wake. Wanamlilia kama marehemu. Kumbe yu hai: maharamia wamemkamata pamoja na yaya wake, wakamuuza Carthage, na sasa makuhani wanamwandaa kumtupa kwenye moto wa mungu Moloki. Yaya anamsihi Mroma mmoja, Fulvius Axilla, amwokoe, na anampa pete ya bahati. Fulvius anaingia hekaluni na mtumwa wake Maciste, pande la mtu, wanamnyakua mtoto.

Ni filamu kubwa, na picha zake bado zinatisha. Lakini ndani yake majaliwa ndiyo yanayomtia mtoto motoni, na majaliwa ndiyo yanayomtoa.

Sisi tunaoishi chini ya volkano ya Nyiragongo hatuwezi kuridhika na hadithi hiyo. Usiku wa Jumamosi, Mei 22, 2021, ilipolipuka na anga ya Goma, upande wa Kongo, ikageuka nyekundu, maelfu walivuka mpaka kuja kwetu Rwanda, kama walivyovuka Januari 2002. UNICEF ilitaja watoto zaidi ya 150 waliotenganishwa na familia zao. Waliounganishwa tena hawakusaidiwa na pete. Walisaidiwa na watu waliokaa na daftari, wakaandika jina la mtoto, la mama, na mtaa anaotoka, kisha wakatafuta.

Na janga lenyewe tusilitupie kudura peke yake. Kwa miezi kadhaa kabla ya mlipuko, Kituo cha Volkano cha Goma kilikosa hata fedha za intaneti ya kupokea taarifa za mitambo iliyoko mlimani. Mlima kulipuka ni kazi ya Mungu. Kuacha kuusikiliza ni kazi ya watu.

Viongozi wa pande zote mbili za mpaka wakubaliane sasa, mlima ukiwa umetulia, nani ataandikisha watoto na wapi. Walimu wa chekechea wawafundishe wanafunzi majina kamili ya wazazi wao. Nawe mzazi, leo jioni kabla mwanao hajalala, hakikisha anaikariri namba yako ya simu.