Nyumbani Kwetu: Mbwa Anayevuta Kamba

Mwezi huu tuzungumze juu ya mbwa. Wengi wetu humfuga awe mlinzi wa usiku, na mchana tunamsahau kwenye mnyororo. Siku akitolewa nje, yeye ndiye anayetutembeza!

Sisi wenyewe tulipata aibu huko Kibirizi. Kijana wetu alimpitisha mbwa mwaloni, mahali dagaa walipoanikwa mchangani. Harufu ile ilimshinda mbwa. Alichomoka, kijana akaanguka na kuchubuka magoti, na mbwa akavamia dagaa wa jirani yetu, mama Mwislamu. Kwake mate ya mbwa ni najisi, hivyo hakuweza kuwala dagaa wale wala kumwuzia mwenzake. Tulimlipa, lakini fedha haikuondoa huzuni usoni pake. Alisema tu, “Mama, mbwa ni wenu, lakini njia ni ya wote.”

Maneno hayo yalitufanya tuanze kumfundisha. Nanyi mnaweza kufanya hivi:

Anzeni uani, pasipo na watu. Mkanda wa shingoni usimkabe. Vidole viwili vipite chini yake. Kamba iwe na urefu wa mita 2 hivi, wala msiizungushe mkononi, maana akichomoka itawaumiza.

Akivuta, simameni kimya. Msimpige wala kumkemea. Kamba ikilegea, endeleeni. Polepole atatambua kwamba kuvuta hakumfikishi popote.

Akitembea ubavuni penu, mpeni papo hapo kipande kidogo cha dagaa mkavu. Mkichelewa, hatajua amepewa kwa sababu gani.

Dakika 10 asubuhi na 10 jioni zinatosha. Mchana mchanga huunguza nyayo zake.

Akitulia uani, mpelekeni uchochoroni, kisha barabarani. Mwaloni pawe mwisho, tena kwa mbali kwanza. Kosa letu lilikuwa kuanzia pale palipo pagumu, na kumwachia mtoto kazi ya mtu mzima.

Jambo moja msilisahau: kabla ya kumpitisha penye watu, mbwa awe amechanjwa dhidi ya kichaa cha mbwa, na chanjo irudiwe kama mganga wa mifugo atakavyoelekeza. Mtu akiumwa na mbwa, oshеni jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha mpelekeni hospitali siku hiyo hiyo. Msingoje dalili, kwani zikishatokea ni vigumu sana kupona.

Kwetu kazi hii ilichukua zaidi ya mwezi. Hatimaye tulipita tena Kibirizi, kamba ikiwa imelegea. Mbwa aliwatazama dagaa, kisha akautazama mkono wetu. Jirani yetu alikuwa akigeuza dagaa wake. Aliinua kichwa, akacheka: “Leo kaja na adabu zake!”