FOMU ISILALE KABATINI



Mvua imekaribia na kesi za mipaka zimeanza tena. Kila asubuhi benchi la ofisi limejaa. Ndugu wa tumbo moja hawasalimiani. Huyu anasema mpaka ni mti wa babu, yule anasema mti ulishakatwa zamani. Jamani, mti uliokatwa utatoa ushahidi gani?

Chanzo tunakijua. Wakati wa Operesheni Vijiji watu walihamishwa, wakagawiwa mashamba yaliyolimwa na wengine. Leo wajukuu wanarudi: "Hapa ni mahame ya babu." Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, imeshajibu. Ugawaji wa ardhi ya kijiji uliofanyika kati ya tarehe 1 Januari 1970 na 31 Desemba 1977 ni halali. Basi anayedai mahame ya miaka ile aelewe hivyo kabla hajashika panga.

Tusifanye mchezo na shamba. Hapa Iringa wazee wanakumbuka Krismasi ya mwaka 1971 kule Ismani. Mkuu wa Mkoa, Dk. Wilbert Klerruu, aliuawa kwa risasi na mkulima katika ugomvi wa shamba. Mkulima naye akahukumiwa kunyongwa. Nyumba mbili zikalia.

Dawa ipo, nayo ni hati ya hakimiliki ya kimila. Mbozi, wakati ule ikiwa ndani ya Mkoa wa Mbeya, walitangulia kuijaribu, na vijiji vingi vya Iringa na Mbeya vimeshapimiwa. Unaomba kwa Halmashauri ya Kijiji. Majirani wanasimama mpakani pamoja nawe. Hati inatiwa sahihi na Mwenyekiti na Mtendaji, kisha inasajiliwa kwa Afisa Ardhi wa Wilaya. Wapo wanaotuletea fomu sisi wa chama, eti tuwasukumie. Hapana. Chama hakigawi ardhi. Peleka ofisi ya kijiji.

Sasa tujikosoe. Mama mmoja mjane alileta fomu yake kabla ya mavuno ya mwaka juzi. Kila akija anaambiwa, "Njoo Jumatatu." Jumatatu mwenye ufunguo hayupo. Fomu ikalala kabatini chini ya madaftari, huku shemeji zake wakipanda milingoti ndani ya shamba lake hatua kwa hatua. Shahidi wake mkubwa, mzee aliyeujua mpaka ule, tumeshamzika. Sisi viongozi tulikuwa tunapita pale kila siku na hatukuuliza. Hilo ni kosa letu.

Sheria inaitaka Halmashauri ya Kijiji itoe uamuzi ndani ya siku 90 tangu kupokea maombi. Siku 90, siyo misimu miwili! Na mila yoyote inayomnyima mwanamke ardhi kwa sababu ni mwanamke, sheria imeifuta. Mashemeji mtusikie.

Tunapendekeza hivi. Kwanza, kila anayeleta fomu aandikiwe karatasi yenye tarehe aliyopokelewa. Pili, maombi yote yabandikwe hapa ubaoni, kila mtu aone la nani limefika wapi. Tatu, wazee wanaojua mipaka tuwapeleke mashambani kiangazi hiki, wangali na nguvu za kutembea.

Wenye ugomvi waanzie Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe 7, wasiopungua watatu kati yao wakiwa wanawake. Kazi yake ni kusuluhisha. Baraza la Kata nalo, tangu mabadiliko ya mwaka 2021, linasuluhisha tu, halikati kesi. Ikishindikana ndipo mwende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Huko ni nauli na siku za kazi zinapotea. Afadhali tumalizane hapa.

Mwisho, msitie dole gumba kwenye karatasi msiyoisoma. Sisi wenyewe tulijua kusoma ukubwani, kwenye kisomo, na hatuoni haya kusema. Njooni darasani, tutaisoma fomu pamoja, mstari kwa mstari.

Mkutano Mkuu wa Kijiji ujao, tutauliza mbele ya wote: kabatini zimebaki fomu ngapi? Njooni mhesabu nasi.

Katibu wa Tawi